Mtoto njiti na ugonjwa wa utumbo kuoza

Mwezi huu katika ukurasa wetu wa afya nimeona yafaa tuongee juu ya ugonjwa mmoja ambao watu wengi vijijini hawajausikia, wala hauna jina katika lugha zetu, lakini katika wodi ya watoto wachanga sisi wauguzi tunauogopa kuliko mengi mengine. Ni ugonjwa wa utumbo unaowapata watoto waliozaliwa kabla ya siku zao, ambao tumezoea kuwaita watoto njiti. Madaktari wanauita nekrotaizingi enterokolaitisi, maana yake uvimbe wa utumbo unaofuatana na kuoza. Jina ni refu, basi wodini kwetu tunasema NEKI tu, nami nitatumia jina hilo.

Wengine watauliza: ugonjwa huu ni mpya? Si mpya. Waganga wa Ulaya waliuandika kwa jina hilo tangu mwaka 1953. Ila ulianza kuonekana kwa wingi miaka ya 1960 na 1970, na sababu yake ni ya kushangaza kidogo: ni kwa vile watoto njiti walianza kupona. Mtoto anayekufa siku ya kwanza kwa kukosa pumzi au kwa baridi hapati NEKI, kwa maana hafikii siku za ugonjwa huo. Nasi huku kwetu tunaelekea huko huko. Nilipoanza kazi ya uuguzi, mtoto wa gramu 1200 tulimviringisha kwa pamba, tukaweka chupa za maji ya moto pembeni, na wengi wao tuliwazika. Leo tunayo oksijeni, tunayo mashine za kusaidia kupumua, akina mama wanawabeba watoto kifuani, na wengi wa watoto wale wanakwenda nyumbani. Lakini aliyevuka mto mmoja anakuta mwingine mbele yake.

MTOTO NJITI NI YUPI

Mimba ya kawaida ni majuma 40. Mtoto aliyezaliwa kabla ya kutimiza majuma 37 ni njiti. Si jambo la nadra: Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2020 watoto milioni 13.4 walizaliwa hivyo duniani kote, yaani takribani mmoja kati ya kila 10. Wengi wao ni wa majuma 34 hadi 36 na hupona bila shida kubwa. Wanaoandamwa na NEKI hasa ni wale wadogo sana, waliozaliwa kabla ya majuma 32 au wenye uzito chini ya gramu 1500. Katika nchi zenye kumbukumbu nzuri za hospitali, kati ya watoto 100 wa uzito huo, 5 hadi 10 hivi huugua NEKI. Kati ya 10 wanaougua, wawili au watatu hufa, na kwa wale wanaofikia kupasuliwa hali ni mbaya zaidi. Hizo ni nchi zenye madaktari wapasuaji wa watoto katika kila mkoa. Msomaji anaweza kupima mwenyewe hali ya mahali penye daktari mmoja na gari moja la wagonjwa.

UTUMBO WAKE ULIVYO

Nikiwaeleza akina mama wodini huwa natumia mfano wa mkeka. Utumbo wa mtoto aliyetimiza siku zake ni mkeka uliosukwa ukaisha: miyaa imekazwa, hakuna kinachopenya. Utumbo wa njiti ni mkeka ambao bado uko mikononi mwa msusi. Kuna nafasi kati ya mwaa na mwaa. Ute unaofunika ukuta wa utumbo ni mwepesi. Mwendo wa utumbo wa kusukuma chakula kwenda chini bado haujapangika, hivyo maziwa yanaweza kukaa mahali pamoja muda mrefu. Hata kunyonya, kumeza na kupumua kwa zamu hajui mpaka afikie majuma 34 hivi, ndiyo maana tunamlisha kwa mpira mwembamba unaopita puani au mdomoni hadi tumboni.

Baada ya kuzaliwa, vijidudu vinaingia tumboni mwa kila mtoto. Hilo ni jambo la kawaida na tena ni la lazima, kwa kuwa vingi ni rafiki na vinasaidia. Lakini katika utumbo wa njiti mambo mawili yanaharibika. Vijidudu vibaya vinaweza kuwahi kushika nafasi kabla ya vile vizuri. Halafu utumbo wenyewe, ukivihisi vijidudu hivyo, unashtuka kupita kiasi, unavimba, na mishipa midogo ya damu inabana. Mahali ambapo damu haifiki, nyama inakufa. Vijidudu vinapenya ndani ya ukuta wa utumbo na kutoa gesi humo humo. Kuta zikiendelea kuoza hutoboka, kinyesi na hewa vinamwagika ndani ya tumbo, na sumu inaenea katika damu ya mwili mzima. Sehemu inayoshambuliwa zaidi ni mwisho wa utumbo mwembamba na mwanzo wa utumbo mpana. Safari hiyo yote, toka tumbo kujaa hadi kutoboka, inaweza kuisha katika siku moja. Ndiyo maana nasema ni ugonjwa wa masaa.

UNAVYOANZA

Jambo linalowachanganya wazazi ni wakati wake. NEKI kwa kawaida haiji siku ile ya kwanza yenye hofu. Inakuja juma la pili au la tatu, na kwa watoto wadogo zaidi hata baadaye, wakati mtoto ameshaondolewa oksijeni, ameanza kuongezeka uzito gramu 15 leo, 20 kesho, na baba ameshapiga simu kijijini kusema wajiandae kupokea mgeni. Mama aliyekuwa na wasiwasi sasa amelala usingizi. Ni wakati huo huo ndipo macho yanapotakiwa yawe wazi.

Nitataja dalili kama mama anavyoziona, kwa maana mara nyingi mama ndiye anayeziona kwanza, kabla ya nesi mwenye watoto 14 wa kuwaangalia. Mtoto aliyekuwa akipokea maziwa vizuri sasa yanabaki tumboni, ukivuta kwa bomba kabla ya mlo unakuta maziwa ya mlo uliopita. Tumbo linajaa, ngozi yake inang'aa, ukiligusa mtoto anakunja uso. Anatapika, na matapishi yana rangi ya kijani. Kijani maana yake ni nyongo, na nyongo katika matapishi ya mtoto mchanga yeyote, awe njiti au la, ni jambo la kwenda hospitali saa hiyo hiyo, usiku au mchana. Kinyesi kinakuwa na damu, mara nyingine michirizi tu kwenye nepi. Mtoto mwenyewe anakuwa mlegevu, hachezi, hashiki kidole; mwili unapoa au unapata joto bila sababu; anasahau kupumua kwa sekunde kadhaa na midomo inakuwa ya bluu. Ngozi ya tumbo ikigeuka nyekundu au kama yenye kiwi cha bluu, hali imekwenda mbali.

Mama mmoja alinijia saa tisa usiku akasema, "Sista, sijui nisemeje, lakini leo mwanangu si yeye." Tumbo lilikuwa bado laini, joto la kawaida. Maneno hayo, "si yeye", hayamo katika kitabu cha uuguzi, lakini nimejifunza kuyaheshimu kuliko kipimajoto. Tulimsimamishia maziwa, tukamwita daktari, na kulipokucha tumbo likawa limeshajaa. Mtoto yule alipona kwa dawa tu, bila kisu.

Hata hivyo si kila tumbo lililojaa ni NEKI. Yapo magonjwa mengine: utumbo kujisokota, uambukizo wa damu, choo kutopita. Yote hayo ni ya hospitali pia, kwa hiyo mzazi hana haja ya kuyatofautisha. Kazi yake ni kuona na kusema.

CHANGO, CHALE NA DAWA ZA CHUPA

Hapa lazima niseme wazi. Kwa desturi ya sehemu nyingi, mtoto mchanga akijaa tumbo husemwa ana chango. Anatafutiwa mizizi ya kuchemsha, au anachanjwa chale tumboni, au anaingizwa maji ya dawa kwa nyuma. Wengine wananunua dukani dawa ya chupa ya kutoa gesi. Sitaki kuwadharau wazee wetu. Mtoto mkubwa mwenye gesi ya kawaida angepona hata bila hiyo dawa, na hapo dawa ikasifiwa. Lakini kwa njiti mwenye utumbo unaooza, kila tone linaloingia mdomoni linaongeza mzigo, maji ya nyuma yanaweza kuutoboa utumbo uliolainika, na chale zinafungua mlango kwa vijidudu vingine. Mbaya kuliko yote ni masaa yanayopotea. Mtoto anayeletwa asubuhi anaweza kutibika. Yule yule akiletwa jioni ya kesho yake, baada ya kuzungushwa nyumba tatu, tunabaki kumpunguzia maumivu.

MATIBABU

Daktari akishuku NEKI, jambo la kwanza ni kuupumzisha utumbo. Mtoto hapewi kitu chochote kwa mdomo, hata maziwa ya mama yake. Mpira unawekwa tumboni si kwa kulisha bali kwa kutoa hewa na uchafu. Anawekewa dripu ya maji, sukari na chumvi, na anaanzishwa antibayotiki kwa mshipa. Zile zinazopatikana kwetu ni ampisilini na jentamaisini, mara nyingi pamoja na metronidazoli. Anapimwa damu, na wakati mwingine anaongezewa damu. Picha ya eksirei inapigwa, na kurudiwa baada ya masaa machache, kutafuta viputo vya gesi ndani ya ukuta wa utumbo. Hiyo ndiyo alama yake kubwa. Ikionekana hewa imetoka nje ya utumbo na kukaa chini ya kiwambo, basi utumbo umetoboka na kisu hakiepukiki.

Mwaka 1978 daktari Martin Bell wa Marekani na wenzake waligawa ugonjwa huu katika hatua tatu, na mgawanyo wake, uliorekebishwa mwaka 1986, unatumika mpaka leo. Hatua ya kwanza ni kushuku, ya pili ni uhakika, ya tatu ni hatari ya mauti. Watoto wa hatua ya kwanza na ya pili wengi hupona kwa kupumzishwa utumbo na dawa za siku 7 hadi 14. Wa hatua ya tatu mara nyingi huhitaji mpasuaji wa kukata kipande kilichooza na kutoa mdomo wa utumbo nje ya tumbo kwa muda, mpaka mtoto apate nguvu za kuungwa tena.

Hospitali nyingi za misheni na za wilaya hazina mpasuaji wa watoto, na hapo ndipo rufaa inapohitajika, kwenda hospitali kubwa kama Bugando, KCMC au Muhimbili. Wazazi wengi wanaogopa rufaa kwa sababu ya gharama na umbali. Nawaelewa, nimekaa na baba akihesabu noti mara tatu kana kwamba zingeongezeka. Lakini ombeni kwamba uamuzi ufanyike mapema, wakati mtoto bado ana nguvu ya kusafiri. Katika gari mtoto akae ngozi kwa ngozi kifuani kwa mama au ndugu, amefunikwa vizuri, mpira wa tumboni uwe wazi, dripu iwe inatembea, na nesi awemo. Safari ya baridi inaweza kumwua kabla ya ugonjwa.

Kipindi hiki cha kusimamisha maziwa ni kigumu sana kwa familia. Bibi mmoja alinikabili mlangoni, na alikuwa na haki ya kuuliza.

"Mwanangu, siku ya nne mtoto hajala. Mnamtibu au mnamwua kwa njaa?"

"Shikamoo mama. Anakula kwa mshipa. Tumbo lake lina kidonda."

"Kidonda kinapona bila chakula?"

"Mama, ukivunjika mguu, unautembelea ili upone?"

Aliguna, akakaa. Baadaye niliona ndiye anayemkumbusha mkwewe kukamua maziwa kila baada ya masaa matatu, na maana yake naieleza sasa.

MAZIWA YA MAMA

Kati ya yote tunayojua juu ya kuzuia NEKI, hakuna kilichothibitishwa muda mrefu kama maziwa ya mama. Mwaka 1990 watafiti Alan Lucas na T. J. Cole wa Uingereza walitangaza walichokiona baada ya kufuatilia watoto njiti 926. Waliolishwa maziwa ya kopo peke yake walipata NEKI mara 6 hadi 10 zaidi ya wale waliolishwa maziwa ya binadamu peke yake. Na hata walipolinganishwa na wale waliochanganyiwa, wa kopo tupu walizidi mara 3. Angalia jambo hilo la pili. Maana yake, mama ambaye maziwa yake hayatoshi asikate tamaa akasema basi. Kila anachokamua kinahesabika.

Kwa nini iwe hivyo? Maziwa ya mama yana askari wa kinga wanaopaka ukuta wa utumbo na kuvishika vijidudu vibaya visipenye. Yana sukari za namna ya pekee ambazo mtoto mwenyewe hawezi kuzitumia. Kazi yake ni kulisha vijidudu rafiki. Yana vitu vinavyohimiza ukuta wa utumbo ukomae, ule mkeka umaliziwe kusukwa. Maziwa ya kopo yametokana na ng'ombe na hayana ulinzi huo. Maziwa ya ng'ombe au ya mbuzi yaliyochemshwa nyumbani ni hatari zaidi kwa njiti. Chumvi zake ni nyingi kwa figo zake. Namwambia kila mama kwamba yale maziwa ya kwanza mazito ya njano, ambayo kwa baadhi ya watu humwagwa yakidhaniwa ni machafu, ni chanjo ya kwanza ya mtoto wake.

Lakini njiti hawezi kunyonya, na hapo ndipo wengi wanapokwama. Matiti yasiponyonywa wala kukamuliwa yanakauka ndani ya siku chache. Kwa hiyo mama aanze kukamua kwa mkono ndani ya masaa sita baada ya kujifungua, na ikiwezekana katika saa ile ya kwanza. Siku ya kwanza yatatoka matone tu. Yakusanywe kwenye bomba la sindano lisilo na sindano, kwa kuwa mtoto wa gramu 1200 anaanza na ml 2 au 3 kwa mlo. Matone yale yanamtosha. Aendelee kukamua mara 8 au zaidi kwa siku, na mojawapo iwe usiku wa manane. Anawe mikono kwa sabuni, chombo kiwe kimechemshwa. Kwa joto la kwetu maziwa yaliyokamuliwa yasikae nje ya friji zaidi ya masaa manne. Na kama mtoto amesimamishiwa chakula kwa NEKI, mama asiache kukamua hata siku moja, maana siku daktari atakaporuhusu, yatakayotakiwa ni maziwa hayo hayo.

Kuhusu mwendo wa kuongeza maziwa, zamani hospitali nyingi ziliwanyima njiti chakula kwa siku kadhaa kwa hofu ya ugonjwa huu. Majaribio ya baadaye hayakuunga mkono hofu hiyo. Katika jaribio kubwa la Uingereza lililotangazwa mwaka 2019, watoto walioongezewa ml 30 kwa kila kilo kwa siku hawakupata NEKI zaidi ya wale walioongezewa ml 18. Kosa kubwa si kuanza mapema, ni kuanza na kitu kisichofaa.

Kubeba mtoto kifuani ngozi kwa ngozi ni msaada mwingine. Njia hii ya kangaruu ilianzishwa Bogotá, Colombia, mwaka 1978 na daktari Edgar Rey Sanabria, kwa sababu inkubeta zilikuwa hazitoshi. Mwaka 2021 yalitangazwa matokeo kutoka hospitali za Ghana, India, Malawi, Nigeria na Tanzania: watoto wa kilo 1 hadi chini ya kilo 1.8 waliobebwa mara baada ya kuzaliwa, bila kungoja kwanza hali itulie, walikufa pungufu kwa robo kuliko wale waliongojewa. Mtoto anapata joto, anavamiwa na vijidudu vya mamaye badala ya vile vya wodi, na mama anapata maziwa mengi zaidi. Baba naye ana kifua. Nasema hivyo kwa sababu kuna akina baba wanaosimama dirishani kama wageni.

Yapo pia mambo ya kabla ya kuzaa. Mama mjamzito anayeona maji yamevunjika, damu, au uchungu kabla ya miezi kutimia, asikae nyumbani kungoja. Akifika mapema penye huduma, kati ya majuma 24 na 34, anaweza kupewa sindano za deksamethazoni zinazokomaza mapafu ya mtoto, na dawa za jamii hiyo zimeonekana kupunguza NEKI pia. Kliniki, dawa za kuzuia malaria, na kutibiwa mapema uambukizo wa njia ya mkojo hupunguza uwezekano wa kuzaa kabla ya wakati.

Kwa upande wetu wauguzi, tunawe mikono. Tusiwape njiti antibayotiki kwa siku nyingi bila sababu, maana zinafagia na vijidudu rafiki, na watoto waliopewa dawa hizo muda mrefu mwanzoni bila ugonjwa kuthibitishwa wameonekana kupata NEKI zaidi. Kuhusu vile vijidudu rafiki vinavyouzwa vikiwa unga au matone, Shirika la Afya Duniani lilisema mwaka 2022 kwamba vyaweza kufikiriwa kwa njiti wa chini ya majuma 32 wanaolishwa maziwa ya binadamu. Lakini mwaka 2023 mamlaka ya dawa ya Marekani ilitoa onyo baada ya mtoto kufa. Mzazi asinunue mwenyewe dukani.

MASWALI YA WASOMAJI

"Mke wangu anaishi na virusi vya UKIMWI na mtoto wetu ni njiti. Je, maziwa yake si hatari kuliko huo ugonjwa wa utumbo?" Baba, kama mama anatumia dawa zake kila siku bila kukosa, na mtoto anapewa dawa yake ya kinga kama alivyoandikiwa, maziwa ya mama yake ndiyo chakula chake. Hatari ya kumpitishia virusi inakuwa ndogo sana, na faida kwa utumbo wake ni kubwa. Ongeeni na kliniki yenu juu ya kipimo cha wingi wa virusi.

"Mama wa mtoto amefariki. Dada yake ananyonyesha. Anaweza kumlisha?" Pole sana. Inawezekana, lakini isifanyike kimya kimya. Dada apimwe kwanza hospitalini, na maziwa yakamuliwe chini ya uangalizi wa wauguzi. Nchini Kenya, hospitali ya uzazi ya Pumwani, Nairobi, ilifungua benki ya maziwa ya akina mama mwaka 2019. Humo wanaojitolea hupimwa, na maziwa yao hupashwa joto la nyuzi 62.5 kwa dakika 30 kabla ya kupewa njiti. Mahali pasipo na benki, na pasipopatikana mama aliyepimwa, daktari ataagiza maziwa ya kopo ya watoto njiti. Hayo nayo ni halali pale ambapo hakuna njia nyingine, na mlezi asisikie aibu kuyatumia kama alivyoelekezwa.

"Mtoto wetu alipasuliwa kwa NEKI, sasa yuko nyumbani ana miezi mitatu. Tuangalie nini?" Angalieni tumbo. Mahali palipokuwa na kidonda utumbo unaweza kubana baadaye, hata baada ya majuma kadhaa, na mtoto akaanza tena kujaa na kutapika kijani. Akirudia hivyo, rudini hospitali siku hiyo. Kama alikatwa kipande kirefu, anaweza kuharisha na kuchelewa kunenepa. Atahitaji kupimwa uzito mara kwa mara kuliko wenzake. Aangaliwe pia anavyokaza shingo, anavyokaa na anavyosikia, maana baadhi ya watoto hawa huchelewa na wakigunduliwa mapema husaidika. Kumpima maendeleo yake, hesabuni tokea siku aliyotarajiwa kuzaliwa, si siku aliyozaliwa. Kwa chanjo za miezi, hesabuni tokea siku aliyozaliwa. Na mkija kliniki mje na karatasi ya upasuaji pamoja na kadi, kwa kuwa nesi mtakayemkuta zamu hiyo huenda hamjui mtoto wenu.